Honi ya Pili

Basi la Linah lilikuwa limefika Nakuru alipopiga simu tena.

"Mama, ametoka?"

"Bado."

"Wamesema nini?"

"Hawajasema kitu. Mlango umefungwa."

"Si uulize mtu."

"Nimeuliza. Wananiambia niketi."

Na nilikuwa nimeketi. Benchi la hospitali hiyo ya Bungoma ni la chuma, na baridi yake inapenya leso hata ukiikunja mara ngapi. Mbele yangu kulikuwa na mlango wa kijani, kioo chake kidogo kimebandikwa karatasi ili mtu asichungulie. Nyuma ya mlango huo walikuwa wanampasua Wachira, mume wa Linah, binti yangu wa pekee. Kidole tumbo kilikuwa kimepasuka na uchafu umesambaa tumboni. Daktari aliniambia hayo akitembea, nami nikimfuata kama mtu anayedai chenji.

"Wewe ni mama yake?" aliniuliza.

"Mama mkwe."

"Sawa tu," akasema, akaingia.

Haikuwa sawa tu. Mimi ni Mbukusu wa Kimilili. Kwetu, mama mkwe na mkwe wake wa kiume hawaonani uso kwa uso. Hawashikani mkono, hawali pamoja, hawalali chini ya paa moja. Wazee wana njia yao ya kulegeza jambo hilo kwa zawadi na maneno, lakini sisi hatukuwahi kuifanya. Hakuna aliyekuwa na haraka. Siku hizi vijana wanacheka, na mchungaji wetu anasema hapendi wala hakatazi. Lakini mama yangu aliushika mwiko huo mpaka akafa, nami ni mtu mwoga. Niliona ni heri nishike kitu kuliko niachilie kisha nianze kujiuliza.

Kwa hiyo nilikuwa nikimngoja mtu ambaye sijawahi kumtazama usoni. Picha zake nimeona, lakini picha si mtu. Siku ya harusi nilikaa nyuma ya nguzo ya kanisa. Namjua Wachira kwa sauti, kwa kikohozi, kwa viatu vyake vya ngozi vinavyolia, na kwa kisogo. Kisogo chake nakijua vizuri. Kuna kovu dogo upande wa kushoto, alipoangushwa na punda akiwa mtoto.

Yeye ni mtu wa Kitale. Babu yake alitoka huko kwao Kenya ya kati kuja kulima katika shamba la mzungu, baadaye wakagawiwa ardhi, wakabaki. Baba yake, mzee Ndung'u, amekwisha kufa. Mama yake, Bilha, yuko hai lakini magoti yamemkataa. Usiku ule alikuwa Kitale na mjukuu wetu Waithera, akinipigia simu na kunisomea zaburi. Huyo Bilha alinicheka tangu mwanzo. Siku walipokuja kwetu kuposa na mimi nikajifungia jikoni, alinifuata huko huko akaniambia, "Mama Linah, tumekuletea kijana, si chui. Toka nje."

Sikutoka. Kijana alisikia, akauliza sababu, akaelezwa. Tangu siku ile sijaona mtu wa kabila letu aliyeushika mwiko wetu kama yule mgeni. Ndiye aliyebuni mambo ya honi. Akifika getini kwangu anapiga honi ya kwanza, maana yake: nimefika, Mama, ingia jikoni. Linah na mizigo wanashuka, maji yananywewa, salamu zinatumwa. Wakati wa kuondoka, kama nasafiri nao, anaketi kwenye usukani, anateremsha pazia, anapiga honi ya pili. Hapo najua nimepata ruhusa ya kutoka.

Pazia hilo ni shuka ya kijivu aliyoitundika ndani ya Probox yake, kati ya viti vya mbele na vya nyuma, kwa waya na vibanio vya nguo. Watu wa Kitale walimuuliza kama siku hizi anabeba maiti. Aliwajibu kwamba anabeba malkia.

Anauza vifaranga wa siku moja na chakula cha kuku, duka liko karibu na soko. Kazi yake ni ya kuamka mapema na kunuka pumba. Lakini kila mwaka alikuwa akifunga duka mara moja na kusafiri na Linah, na safari zote zilikuwa za nje. Walienda Kampala, wakaenda Zanzibar, mwaka mmoja wakafika hata Dubai. Mimi nililetewa sabuni za hoteli na picha za uwanja wa ndege. Wakiwa angani mimi sikuwa nikilala. Nilikuwa nakaa na redio mpaka betri inaisha.

Huko Dubai, Linah aliniambia, ndiko Wachira alikogeuka. Walikuwa wakila chakula cha asubuhi, mzee mmoja wa kigeni akawauliza wametoka wapi. Wachira akasema Kenya, karibu na Mlima Elgon. Mzee akafurahi, akatoa simu, akaonyesha picha akiwa amesimama ndani ya pango kubwa kule juu ya mlima, pango ambalo ndovu huingia usiku kulamba chumvi ya mawe. Akauliza, "Wewe uliwaona hao ndovu?"

Wachira anauona mlima ule kila asubuhi akifungua duka. Hajawahi kuupanda. Linah anasema aliacha mayai yake pale mezani, na ndani ya ndege hakusema mengi. Waliporudi aliniletea ujumbe kupitia kwa Linah: "Mwambie Mama mwaka huu hatuendi mbali. Tunatembea hapa hapa, na yeye anakuja."

Nilikataa. Nilisema nani ameona mtu akifunga mzigo kwenda likizo Kitale. Kitale ni mahali pa kununua mbegu.

"Mama, tangu Baba afe umeenda wapi?" Linah akauliza.

"Nimeenda kanisani."

"Hiyo si kwenda."

Desemba ile nikasikia honi ya pili, nikatoka na kikapu, nikaingia nyuma ya shuka ya kijivu. Waithera, ambaye wakati huo alikuwa anaanza kutembea, alikaa na mimi. Kabla hatujafika Kiminini alikuwa amelivuta pazia mara mbili, vibanio vikaruka, mimi nikajifunika leso kichwani kama mtu aliyeshambuliwa na nyuki.

"Linah," nikasema kutoka ndani ya leso, "mwambie mume wako apunguze mwendo."

"Amesikia, Mama."

"Sijamwambia yeye. Nimekwambia wewe."

"Mwambie Mama," Wachira akasema, "ati hata hizo boda zinatupita."

"Linah, mwambie hao wa boda si baba wa mjukuu wangu."

Nikasikia akicheka. Anacheka kwa pua, taratibu, kama mtu anayejaribu kutoamsha mtoto. Gari likapunguza mwendo.

Walinipeleka makumbusho ya Kitale. Wachira alibaki nje na mtoto mpaka nilipomaliza, kisha mimi nikatoka kwa mlango mwingine ndipo yeye akaingia. Mle ndani kuna kobe na nyoka, lakini nilichokumbuka ni boma lililojengwa kwa mtindo wetu wa zamani, na ndani yake jiwe la kusagia wimbi. Nilicheka mpaka machozi. Nilikuwa nimelipa pesa kuona jiwe la nyanya yangu. Halafu nikapiga magoti, nikaweka mikono juu ya lile jiwe dogo la juu, nikasukuma mara chache bila nafaka. Mgongo ukakumbuka wenyewe. Linah alisimama akanitazama, akasema, "Mama, sijui hata kama ningeweza." Nikamwonyesha. Tulikaa pale mpaka wanafunzi fulani wakaja wakadhani mimi ni sehemu ya maonyesho.

Siku iliyofuata tulienda Saiwa. Ni kinamasi, na nilisema hivyo. Nilisema kinamasi tunacho hata nyuma ya kwetu, tunalimia nduma. Lakini pale wamejenga minara ya mbao, na mtu anapanda ananyamaza. Wachira alikuwa amepanga mambo. Yeye alipanda mnara wa upande wa pili wa maji, mimi na Linah tukapanda wa upande huu, kwa hiyo hakuna mwiko uliovunjwa.

Tuliketi. Ukungu ulikuwa bado umelala juu ya matete. Mimi si mtu wa kuketi bure, mikono yangu ilikuwa inatafuta maharagwe ya kuchambua. Kisha Linah akanigusa goti. Kati ya matete alikuwa amesimama mnyama kama mbuzi mkubwa wa rangi ya chai, pembe zimejipinda, maji yamefika tumboni. Wanamwita nzohe. Kwato zake zimetanuka, ndiyo maana anatembea juu ya matope bila kuzama. Alikula taratibu. Hakuna aliyekuwa anamwita, hakuna aliyekuwa anamfukuza. Niligundua kwamba kwa muda fulani sikuwa nikiogopa kitu chochote, na hilo kwangu si jambo la kawaida.

Ng'ambo ya maji, juu ya mnara mwingine, mtu mdogo sana alitoa kitambaa cheupe akakipunga. Kutoka mbali vile uso hauonekani. Nikafikiri, hii si kuonana uso kwa uso. Nikavua leso ya begani, nami nikapunga.

Huyo ndiye Wachira ninayemjua. Mtu mdogo mwenye kitambaa, ng'ambo ya maji.

Usiku huo tulilala katika nyumba ndogo ya wageni huko huko, na kwa kuwa paa lilikuwa moja, yeye alilala nje kwenye hema. Mvua ikanyesha. Nilimsikia akikohoa. Nilitaka kumpelekea blanketi, nikafika mpaka mlangoni, mkono ukiwa kwenye komeo, nikashindwa. Nililiweka blanketi kizingitini, nikamwamsha Linah alichukue. Asubuhi nikasikia akimwambia, "Mwambie Mama nililala kama kifaranga chini ya taa."

Tulirudi nyumbani nikiwa mtu mwingine. Niliwasimulia wanawake wa kanisani mambo ya nzohe mpaka wakachoka. Roho yangu, iliyokuwa inaruka kila simu ikilia, ilikuwa imepata mahali pa kutua.

Ndipo Wachira akasema Agosti ni zamu ya Bungoma. Nilizaliwa huku lakini sijawahi kuona maporomoko ya Nabuyole, wala kupanda mawe ya Sang'alo. Alipata vyumba karibu na Kibabii, viwili, kila kimoja na paa lake. Linah alikuwa Nairobi kwenye semina ya walimu, angekuja na basi la usiku atukute. Waithera aliachwa kwa Bilha. Kwa hiyo Wachira alikuja kunichukua peke yake. Ilikuwa mara ya kwanza nisafiri naye bila Linah katikati yetu.

Sasa nifike pale ambapo sitaki kufika.

Alasiri nilisikia honi ya kwanza. Nikaingia jikoni. Kikapu kilikuwa tayari, nilikuwa nimekaanga kuku wa njiani. Nikasimama nyuma ya mlango wa jikoni nikingoja honi ya pili.

Haikuja.

Nikafikiri anateremsha pazia, pengine vibanio vimepotea. Nikafikiri anazungumza kwa simu. Nikafikiri labda ameenda haja, na hapo nikaona aibu, nikasogea mbali zaidi na mlango. Maji ya chai yakachemka, nikayaepua, yakapoa. Mara moja nilisema kwa sauti, "Kuna mtu hapo nje?" kisha nikajilaumu, maana nilikuwa karibu kumsemesha. Nilikuwa na heshima nyingi sana. Nilisimama pale na heshima yangu, naye alikuwa hatua chache kutoka kwangu, amelalia usukani, hawezi hata kuinua mkono kuigonga honi.

Aliyemwona ni Khaemba, jirani yangu wa boda, akipita. Nilimsikia akiita, "Mama Linah! Huyu mtu anakufa hapa na wewe uko wapi?"

Nikatoka. Nilipoona gari, leso ilikuwa tayari imenifunika uso. Mikono yangu ilifanya yenyewe. Khaemba alimsukuma hadi kiti cha pili, akakilaza, akashika usukani. Aliniambia, "Ingia, bana, unangoja nini?" Nikaingia nyuma. Pazia lilikuwa limeteremshwa vizuri, vibanio vyote viko mahali pake. Alikuwa amemaliza kazi hiyo kabla ya kuanguka.

Kutoka Kimilili mpaka Bungoma nilikaa nyuma ya ile shuka nikisikiliza pumzi yake. Ilikuwa fupi fupi. Kiti kilikuwa kimelazwa mpaka kichwa chake kikasukuma shuka ikaja magotini pangu, mviringo wake kabisa, kama mtoto aliyejificha. Mikono yangu ilikuwa hapo hapo. Sikumgusa. Mara moja alisema, "Mwambie Mama ni gesi tu." Hakukuwa na mtu wa kuambiwa aniambie.

Linah aliniambia kwa simu kwamba maumivu yalikuwa yamemshika tangu juzi. Alikuwa akinywa soda na kusema yatapita. Hakutaka safari iahirishwe, kwa sababu nilikuwa nimeshawaambia wanawake wa kanisani.

Haya yote niliyageuza kichwani usiku kucha pale kwenye benchi. Linah akapiga akiwa Burnt Forest, basi limesimama, kuna lori limeanguka barabarani. Alikuwa analia bila sauti. Nilimwambia atulie. Bilha akapiga. Aliuliza, "Umemwona?" Nikasema hapana. Kisha akasema, bila kucheka safari hii, "Mama Linah, mimi magoti yangu ni mabovu. Yako yana nini?"

Walimtoa chumba cha upasuaji kupitia mlango mwingine, sikuona. Niliambiwa tu amehamishiwa wadi, nifuate kile kijia. Nikapata mlango mwingine, nao umefungwa, nao wa kijani. Nikauliza kama atapona, wakaniambia tungoje. Nikauliza kama naweza kufanya lolote, wakaniambia nikae karibu.

Kulikuwa kunapambazuka mlango ulipofunguliwa. Muuguzi alitoka, kwenye kifua pameandikwa Roselyne.

"Nani wa Wachira?"

Nilitazama nyuma yangu. Hapakuwa na mtu.

"Mama, wewe? Ingia haraka. Ameamka lakini hajui yuko wapi. Anavuta mipira, anataka kushuka kitandani, na akishuka atafumua ile kazi yote. Anahitaji kusikia sauti anayoijua."

"Mke wake yuko njiani."

"Mke wake hayuko hapa. Wewe uko hapa."

"Sista, kitanda chake kina pazia?"

Akanitazama. "Pazia za nini? Zilipelekwa kufuliwa. Mama, anasema kuna mtu amemwacha jikoni. Tangu afungue macho ni hilo tu. Ati lazima ashuke, kuna mtu anamngoja jikoni. Sisi hatuelewi."

Nilijifunika leso kichwani mpaka kwenye nyusi. Muuguzi aliushika mlango wazi kwa mgongo wake, na kupitia hapo niliona ncha ya kitanda cha chuma na mguu mmoja uliofunikwa shuka ya kijivu.

Nilikunja vidole nikagonga ule mlango mara moja, kwa nguvu.

"Si uko wazi, Mama," Roselyne akasema. "Unagonga nini?"

Mle ndani, mguu uliacha kuhangaika. Nikakaza masikio kama nilivyokaza jikoni. Kisha nikasikia mtu akigonga chuma cha kitanda kwa kidole au kwa pete, kidogo, mara moja.

Safari hii sikungoja ya pili.